Je, chatu wa ngoma anaisikia ngoma?

Msikilizaji, kama umewahi kufika Bujora, pale Kisesa mkoani Mwanza, wakati wa sherehe za Bulabo, huenda umemwona mchezaji wa Kisukuma akiwa na chatu shingoni huku ngoma zikirindima. Chatu naye anajikunja na kujinyoosha. Je, anacheza?

Hachezi. Nyoka hana sikio la nje, lakini si kiziwi kama wengi tulivyoambiwa. Ana sikio la ndani lililoungana na mfupa wa taya. Akilaza kichwa ardhini, mtetemo wa ngoma, au wa hatua zako, hupita tayani hadi sikioni. Hata sauti nzito za hewani huzipata kiasi. Kwa hiyo mdundo unamfikia. Ila kule kujikunja begani ni kutafuta pa kujishikilia asianguke! Anayecheza ni binadamu, na kwangu mimi ustadi uko hapo: kubeba mzigo ulio hai bila kupoteza mdundo.

Wasiwasi wangu ni kwa watoto wanaotazama. Chatu hana sumu. Huua kwa kubana, ingawa meno yake hujeruhi vibaya. Lakini kifutu naye ni mnene, ana mabaka, hulala tuli njiani, na wapo wanaomdhania chatu mdogo. Huyo ana sumu kali. Mtu akigongwa, msimchanje wala msimfunge kamba. Mtulizeni, kiungo kilichogongwa kisisogezwe, na apelekwe hospitali haraka, hata kama maumivu bado ni kidogo.