Gari la Msikiti na Jina Lililo Kwenye Kadi

Dalali alipogonga nyundo yake mara ya tatu, sisi wa kamati ya msikiti tulitazamana tukasema alhamdulillah. Hiace iliyokuwa daladala, ambayo benki iliinadi baada ya mkopaji kushindwa kulipa, ilikuwa imeangukia kwetu. Tulikuwa tumechangishana kwa miaka miwili ili msikiti uwe na gari la kubebea jeneza. Tulilipa robo ya bei papo hapo na iliyobaki ndani ya siku 14, kama yalivyotaka masharti ya mnada, tukadhani kazi imekwisha.

Wapo waliouliza kama yafaa Mwislamu kununua mnadani. Hilo halikutuchelewesha. Anas bin Malik (RA) amesimulia kuwa Mtume (SAW) alinadi tandiko na bakuli vya Mwansari mmoja fukara, akiuliza nani ataongeza. Kilichokatazwa ni kupandisha bei bila nia ya kununua ili kumhadaa mwingine. Ugumu wetu ulikuwa kwingine.

Gari lilikaa chini ya mwarobaini kwa miezi minne, na maiti zetu zikaendelea kubebwa kwa pikapu za kukodi. Kadi ilikuwa bado na jina la mkopaji, na Mamlaka ya Mapato (TRA), ambayo ndiyo husajili magari, haihamishi umiliki kwa risiti ya dalali peke yake. Ilitubidi kurudi benki kuomba kadi halisi pamoja na barua ya kuthibitisha kuwa haina tena dai juu ya gari, kisha kwa dalali kuomba hati ya mauzo yenye namba ya usajili, ya injini na ya chesisi. Katika hati ya kwanza tarakimu moja ya chesisi ilikosewa. Tarakimu moja tu, na safari tatu za mjini! Laiti tungaliisoma hati ile tukiwa tumesimama kando ya gari, tungaliliona kosa siku ile ile. Tungaliuliza vilevile habari za faini za barabarani, maana hizo huandamana na namba ya gari. Zilikuwapo, na tukazilipa sisi.

Kisha likaja swali ambalo hakuna aliyelitarajia: gari liandikwe kwa jina la nani? Kamati ya msikiti si mtu mbele ya sheria. Mwenyekiti wetu, mzee ambaye uaminifu wake haujapata kutiliwa shaka, akasema, "Liandikwe kwa jina langu. TIN ninayo, tuache kuwasumbua wafiwa." Tulikuwa tumechoka, tukaafiki.

Aliyekataa ni mkewe. Alikuja kikaoni, akaketi karibu na mlango, akasema, "Mume wangu, ukitangulia, watoto watalihesabu gari hili katika mirathi. Nitawaonesha nini kwamba halikuwa lako?"

Tuliinamisha vichwa. Baadhi yetu tumesoma faraidhi kwa miaka, na ilitupasa kuliona hilo kabla yake. Hakimu huanza na kadi. Maneno ya wanakamati huja baadaye. Wala si warithi peke yao: mdai wa mwenyekiti naye angeweza kulishika gari la wakfu kwa deni lisilohusu msikiti, likarudi mnadani lilikotoka.

Mali ya msikiti huandikwa kwa jina la wadhamini waliosajiliwa na RITA. Wetu walisajiliwa zamani, lakini wawili walikuwa wamekwishafariki na hatukuwahi kupeleka majina mapya. Uzembe huo ni wetu sisi makatibu, wa sasa na waliotutangulia. Tuliitisha mkutano wa waumini, tukapeleka muhtasari wenye saini, tukasubiri. Baada ya hapo TIN ya wadhamini ikapatikana, ada zikalipwa, na vibao vyeupe vya biashara vikabadilishwa kuwa vya njano.

Kadi ilitoka siku ya Alhamisi. Mwenyekiti aliomba aipitishe nyumbani kabla haijafungiwa kwenye sanduku la msikiti. Mkewe alivaa miwani, akatafuta mstari wa mmiliki, akausoma polepole, akairudisha. Baada ya Laasiri gari liliwashwa. Kulikuwa na mazishi.