Ugomvi Umekwisha, Moyo Bado Unagombana

Hapa Sirisia pesa ya kahawa ikifika, mara nyingi na maneno hufika. Asubuhi mama anapalilia mahindi huku akirudia moyoni: "Mbona sikumjibu vile?" Mzee naye sokoni anarudia yake. Katika kesi hiyo kila mmoja ni mlalamishi, shahidi na hakimu, basi hashindwi kamwe. Nyani haoni kundule!

Huko Marekani, Eli Finkel na wenzake walifuata ndoa 120 kwa miaka miwili, wakatoa matokeo 2013. Mwaka wa kwanza mapenzi yalipungua kwa wote. Mwaka wa pili, nusu yao waliandika mara tatu, dakika 7 tu kila mara: mtu wa kando anayetutakia mema sote wawili angeuonaje ugomvi wetu? Kugombana hakukuisha, lakini mapenzi yao hayakuzidi kupungua.

Nawe jaribu. Usijiulize, "Alinikosea wapi?" Jiulize, "Jirani mwema aliye mlangoni alinisikia mimi nikisema nini?" Jibu hilo ndilo uanze nalo jioni.

Lakini kama kuna kupigwa, usibaki ukijichunguza. Tafuta msaada mara moja.