Boriti haina haraka, ina bamvua

Wakataji mikoko wa Lamu hawafiki kazini kwa gari. Hupakia mashuani maji ya kunywa, unga, mashoka na vyandarua, wakapiga dago penye mchanga mkavu kando ya mlango wa Dodori au Mongoni, na huko hukaa hata wiki kadhaa. Saa ya kazi haipangwi na msimamizi. Maji yakitoka, watu huingia topeni. Yakijaa, miti huvutwa mpaka chomboni. Vijito vya ndani kabisa havipitiki ila kwa bamvua, na aliyezembea siku hizo mzigo wake hungoja mwezi upevuke tena au uandame.

Miti huuzwa kwa korja, ishirini ishirini, na hutengwa kwa unene: fito, pau, mazio, boriti, nguzo. Boriti ndiyo iliyoupima mji. Juu yake hulala dari zito la mawe na chokaa, na kwa kuwa mkoko mnyoofu una kikomo cha urefu, vyumba vya kale vya Lamu ni virefu lakini upana wake haufiki mbali, mita tatu hivi au pungufu. Mwenye nyumba aweza kuwa tajiri apendavyo. Mkoko haukumwongezea hata shubiri. Mji huo uliingia orodha ya UNESCO ya urithi wa dunia mwaka 2001, na dari lake likioza, fundi bado anataka boriti.

Uarabuni nako zilitakiwa. Majahazi yalishuka na kaskazi, yakapakia, yakarejea na kusi, na nyumba za zamani za Kuwait na Bahrain ziliezekwa kwa mikoko ya pwani hii. Mafuta yalipowaletea saruji na chuma, soko lilififia. Mwaka 1982 Kenya ikapiga marufuku kuiuza nje.

Marufuku hayo hayakubadili jicho la mnunuzi. Hutaka mti mnyoofu wa unene wa mazio au boriti, basi huo hukatwa, uliopinda huachwa. Ukipita na boti utauona msitu umesimama kijani, kumbe wateule wamekwisha.

Lakini kumtwika mwenye shoka lawama zote si haki. Februari 2018 serikali ilisimamisha ukataji miti nchi nzima kwa kuwa misitu ya milimani imefyekwa na mito ya bara inakauka. Amri hiyo ikamkuta mkataji wa Lamu, ambaye mti wake hunywa maji ya bahari.