Majina yasiyoandikwa kwenye mnara wa Ujiji

Leo naomba nikusimulie matembezi ya siku moja, kisha tuyatafakari pamoja.

Miezi michache iliyopita mimi na mke wangu tulikwenda Kigoma kwenye harusi ya mtoto wa ndugu yangu. Tulipanda treni ya Reli ya Kati kutoka Dar es Salaam, safari ya zaidi ya kilomita 1,200, kwenye reli ambayo Wajerumani waliifikisha Kigoma mwaka 1914. Harusi ilikwisha salama, nasi tukabaki na siku tatu. Tukaamua kujipumzisha katika hoteli moja ya ufukweni.

Siku ya kwanza hatukutoka hotelini. Ziwa Tanganyika ni la pili kwa kina duniani, kina chake kinafikia mita 1,470 hivi, na maji yake ni maangavu mpaka unaona mawe ya chini. Tulikula samaki, tukalala mchana, tukapiga picha za jua likizama upande wa Kongo. Jioni mke wangu akasema, "Baba, hivi tumekuja Kigoma kuangalia maji tu? Maji hata Kigamboni yapo."

Nilicheka, lakini alikuwa amesema kweli. Tukauliza mapokezi, tukaunganishwa na kijana mzaliwa wa Ujiji anayetembeza wageni. Tulikubaliana naye bei, akatuambia tuwe tayari saa kumi na mbili asubuhi.

Alianza kwa kutufundisha salamu. "Huku Waha husalimiana Mwakeye," alisema. Akatupeleka Kibirizi, kaskazini mwa mji, mitumbwi ikirudi kutoka kazini. Dagaa wa Kigoma huvuliwa usiku wa giza kwa mwanga wa taa. Zamani zilikuwa karabai, siku hizi nyingi ni za umeme wa jua. Mbalamwezi ikiwaka, taa haivuti dagaa, na wavuvi hupumzika. Kina mama walikuwa tayari wanaanika, migongo imeinama. Nikawakumbuka wale wanafunzi wa Yohana 21 waliokesha ziwani bila kupata kitu. Nimewahi kuhubiri habari hiyo mara kadhaa, lakini sikuwahi kuona macho ya mtu aliyekesha ziwani kweli.

Kisha tukaelekea Ujiji, kilomita chache kusini. Leo ni mji mmoja na Kigoma, lakini Ujiji ndiyo mkubwa kwa umri. Hapo ndipo njia kuu ya misafara ilipoishia ikitoka Bagamoyo. Pembe za ndovu na watu waliokamatwa ng'ambo ya ziwa walivushwa kwa mitumbwi, kisha wakatembezwa kwa miguu kupitia Tabora hadi pwani. Mwendo huo ulichukua miezi mitatu au zaidi, na wengi hawakufika. Kijana wetu alituonyesha miembe, akasema wazee husimulia kwamba mingi katika njia hiyo iliota kutokana na kokwa zilizotupwa na waliopita. "Ukiona miembe imefuatana, ujue watu walipita hapo," alisema.

Tukafika kwenye kumbukumbu ya Dk. David Livingstone. Pana mnara wa mawe, miembe inayoaminiwa kuwa uzao wa ule wa zamani, na jumba dogo lenye sanamu za watu wawili wakisalimiana, kofia mkononi. Hapo ndipo Henry Morton Stanley alipomkuta Livingstone Novemba 1871. Livingstone alikuwa amerudi Ujiji kutoka Kongo akiwa mgonjwa na amevunjika moyo. Huko Nyangwe, Julai mwaka ule, alishuhudia watu wa sokoni, wengi wao wanawake, wakiuawa kwa risasi na wafanyabiashara wa misafara. Alipofika Ujiji akakuta mali aliyotumiwa imeuzwa yote. Mmoja wa waliokuja kumpa pole na kujitolea kumsaidia alikuwa mfanyabiashara Mwislamu, Said bin Majid. Kijana wetu, ambaye naye ni Mwislamu, alilisema hilo kwa utulivu, nami nikaona aibu kidogo kwamba anaijua historia ya wamisionari wetu kuliko mimi.

Halafu akatuuliza, "Mzee, hapa kuna majina ya watu wawili. Je, nani alimpa Livingstone habari kwamba mgeni anakuja?"

Sikujua. Akasema ni Susi, mtumishi wake, aliyekimbia mbele kumpokea Stanley na kurudi na habari. Mwenzake aliitwa Chuma, ambaye alifunguliwa minyororo ya utumwa mwaka 1861 akiwa bado kijana mdogo. Livingstone alipofariki mwaka 1873, katika nchi ambayo leo ni Zambia, hao wawili na wenzao waliuzika moyo wake chini ya mti, wakaukausha mwili wake na kuubeba kwa miguu kwa miezi kadhaa mpaka Bagamoyo. Ukazikwa London, Westminster Abbey, Aprili 1874.

"Na hao wengine waliobeba?" mke wangu akauliza.

"Wachache majina yao yapo kwenye vitabu, mama. Lakini mizigo yote ya Stanley, na ya wote waliopita njia hii, ilibebwa na watu. Wengi wao hakuna aliyewauliza majina."

Mchana tuliketi kwenye mgahawa mdogo karibu na mahali mafundi wanapotengeneza mitumbwi ya mbao. Tukaletewa mgebuka na ugali wa muhogo. Wakati tunanawa, kijana akauliza kwa nia njema kabisa, "Mna ndugu huku, zaidi ya hao wa harusi?"

Mke wangu akajibu, "Hatuna. Ila dada wa kazi wa nyumbani kwetu ni wa huku huku Kigoma."

"Oo! Wa kijiji gani, mama?"

Ndugu msomaji, tulitazamana. Binti huyo amekaa kwetu miaka miwili na nusu. Anapika, anafua, amemlea mjukuu wetu kwa miezi minane. Aliletwa na mtu anayejuana na jirani, akashuka kwenye basi akiwa na begi moja. Tulimuaga tukija huku. Tulimwambia, "Tunakwenda kwenu Kigoma," tukacheka naye. Hatukumuuliza kama ana salamu ya kumpelekea mama yake. Hatukujua hata kijiji.

Kijana aliona tumenyamaza, akasema kwa upole, "Kigoma ni kubwa, mama." Lakini mgebuka ule ulinishinda kumeza. Nusu saa kabla nilikuwa nasikitika, mbele ya mnara, kwamba hakuna aliyewauliza wapagazi majina yao.

Kesho yake asubuhi nilimpigia simu. Nikasema, "Mwakeye." Kukawa kimya, kisha akacheka kicheko ambacho sijawahi kukisikia nyumbani kwangu. Akanitajia kijiji, katika wilaya ya Kasulu. Tukaahirisha safari ya kurudi kwa siku moja, tukakodi gari, tukaenda.

Mama yake alitupokea kwa unyenyekevu uliotuumiza. Alituwekea viti, yeye akaketi mkekani mpaka mke wangu naye aliposhuka akaketi pamoja naye. Hakuuliza mshahara. Hakuuliza simu wala nguo. Aliuliza swali moja: "Huko mjini, mwanangu anasali wapi?"

Mke wangu akainamisha kichwa. Nikajibu mimi, na jibu langu lilikuwa nusu uongo: nilisema kanisa letu liko karibu. Ukweli ni kwamba Jumapili sisi tunapokwenda ibadani, yeye hubaki. Anamtunza mtoto, anapika pilau, ili tukirudi na wageni chakula kiwe tayari.

Wapendwa, simaanishi kwamba kumwajiri dada wa kazi ni utumwa. Utumwa ulifutwa kisheria Tanganyika mwaka 1922, na kazi ya nyumbani ni kazi halali yenye heshima. Nasema tu kwamba mtu anaweza kusikitikia watumwa wa karne ya 19 na bado asione aliye jikoni kwake.

Tukifungua Kumbukumbu la Torati 5, aya ya 14 na 15, tunaikuta amri ya Sabato. Wengi wetu tunaikumbuka kama amri ya kwenda ibadani. Lakini isome tena polepole. Mungu anawataja mtumwa na mjakazi, na anataka wapumzike sawasawa na bwana wao. Sababu anayoitoa ni kwamba Israeli walikuwa watumwa Misri, naye akawatoa. Mtu aliyekombolewa hana ruhusa ya kustarehe juu ya mgongo wa mwingine. Hata sheria ya nchi yetu, Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya mwaka 2004, inampa mfanyakazi mapumziko ya angalau saa 24 kila wiki. Itakuwa aibu kama sheria ya Bunge itamhurumia binti huyo kabla ya Mkristo anayeijua amri ya Mungu.

Tena katika Yoshua 4, Mungu aliagiza mawe kumi na mawili yatolewe mtoni Yordani, ili watoto wa baadaye wakiyaona waulize habari zake. Jiwe la kumbukumbu limewekwa ili lituulize. Ukitembelea Ujiji, Bagamoyo au lile soko la watumwa la Zanzibar, ambalo leo ni Kanisa Kuu la Kianglikana, usiishie kupiga picha. Subiri kidogo. Liache jiwe likuulize habari za nyumbani kwako.

Na kuna habari ya faraja katika ziwa hilo hilo. Kusini mwa Kigoma, katika kijiji cha Karema, aliishi Adrien Atiman. Aliibwa na kuuzwa akiwa mtoto huko Afrika Magharibi. Wamisionari wa Afrika, wale tunaowaita Mapadre Weupe, walimkomboa, wakamsomesha, akajifunza utabibu Malta. Alifika Karema mwaka 1889 kama katekista na tabibu, akawahudumia wagonjwa wa pwani ile mpaka alipofariki mwaka 1956. Hivyo ndivyo inavyokuwa mtoto aliyeuzwa akikutana na watu wanaomuuliza jina lake na kumpa nafasi. Huenda Atiman mwingine anaosha vyombo vyako leo.

Tulirudi Dar na gunia la mihogo, dumu la mawese na salamu nyingi. Binti alipolishika lile dumu alilinusa, akalia. Jumapili iliyofuata mke wangu alipika usiku wa Jumamosi, nami nikambeba mjukuu kanisani mwenyewe, akalia katikati ya mahubiri, nikatoka naye nje. Nilipochungulia dirishani nilimwona binti yetu ameketi benchi la tatu. Siku hizi anaimba kwaya ya vijana. Chakula cha Jumapili kwetu huchelewa mpaka saa tisa, na wageni wetu wameanza kuzoea.

Ndugu msomaji, wakati unasoma gazeti hili, labda uko sebuleni na chai yako iko mezani. Nani ameipika? Kwao ni wapi? Wazazi wake wanaitwa nani? Mara ya mwisho aliongea nao lini, na leo anasali wapi? Kama majibu unayo, mshukuru Mungu. Kama huna, nenda jikoni sasa hivi ukaulize.

Tuombe. Ee Bwana, wewe unayemjua kila mtu kwa jina lake, tusamehe kwa wale tuliokula chakula chao bila kuuliza habari zao. Wafariji wazazi walio mbali na watoto wao. Utupe nyumba ambazo kila aishiye ndani yake anaionja Jumapili yako. Amina.

Nakutakia Jumapili njema.