Fidia ya ajali za barabarani mkoani Kigoma

Fidia ya ajali za barabarani ni malipo anayostahili mtu aliyejeruhiwa kwa uzembe wa dereva, au wategemezi wake akifariki. Mkoani Kigoma, kama kwingineko Tanzania Bara, madai hayo huongozwa hasa na Sheria ya Bima ya Vyombo vya Moto (Sura ya 169) na Sheria ya Usalama Barabarani ya mwaka 1973. Sheria hizo hazihusu ajali za mitumbwi na meli katika Ziwa Tanganyika.

Bima ya lazima

Kila chombo cha moto kinachotumia barabara ya umma, pamoja na bodaboda na bajaji zinazobeba abiria kati ya Kigoma mjini na Ujiji, kinatakiwa kuwa na bima ya mtu wa tatu, maarufu kama "bima ndogo". Bima hiyo haitengenezi chombo cha mwenye bima wala kumtibu dereva mwenye kosa, bali huwalipa watu wengine walioumizwa na chombo hicho. Mtu aliyepewa lifti bila nauli anaweza kukosa kinga yake, kwa kuwa kwa upande wa abiria sheria inalazimisha bima kwa wale wanaosafirishwa kwa malipo au kwa ajili ya kazi yao.

Uhai wa bima huweza kuhakikiwa kwa namba ya usajili ya chombo katika mfumo wa Mamlaka ya Usimamizi wa Bima Tanzania (TIRA). Bima ikiwa imekwisha, haki ya majeruhi haifi: anaweza kumshtaki dereva, na pia mmiliki ikiwa dereva alikuwa kazini kwake. Tatizo huwa ni uwezo wao wa kulipa.

Magari kutoka nchi jirani

Barabara ya Kigoma–Manyovu inaelekea mpaka wa Burundi. Gari la kigeni linaweza kuwa na Kadi ya Njano ya COMESA, mpango wa bima ambao Tanzania, Burundi na Kongo zimo. Kwa kadi hiyo, majeruhi hudai akiwa Tanzania bila kwenda nchi ya gari.

Nyaraka

Madai hutegemea sana karatasi za siku za kwanza:
* fomu ya polisi namba 3 (PF3), inayojazwa na daktari, kwa mfano katika Hospitali ya Rufaa ya Mkoa ya Maweni;
* taarifa za polisi kuhusu ajali, ramani ya tukio na ripoti ya ukaguzi wa chombo;
* risiti za dawa, matibabu na nauli;
* ripoti ya daktari kuhusu ulemavu uliobaki;
* uthibitisho wa kipato kilichopotea.

Mahakamani, hasara mahususi kama gharama za matibabu lazima zitajwe katika madai na kuthibitishwa moja moja. Fidia ya jumla, kwa ajili ya maumivu na ulemavu, hukadiriwa na hakimu au jaji. Majeruhi aliyechangia ajali hupunguziwa fidia.

Kesi na muda

Kesi ya jinai dhidi ya dereva ni tofauti na madai ya fidia. Faini huenda serikalini, si kwa majeruhi. Lakini hukumu ya kumtia dereva hatiani ni ushahidi wenye nguvu katika kesi ya madai.

Sheria ya Ukomo wa Muda (Sura ya 89) inatoa miaka 3 kufungua kesi ya madhara ya aina hii. Mazungumzo na kampuni ya bima hayasimamishi muda huo. Kwa mtoto, muda huanza kuhesabiwa anapofikia utu uzima.

Kabla ya kulipa, kampuni humtaka mdai asaini hati ya kumaliza madai. Akiisaini kabla ya kujua ukubwa wa ulemavu wake, huenda asiweze kudai tena. Asiporidhika, anaweza kulalamika kwa Msuluhishi wa Migogoro ya Bima, au kwenda mahakamani. Mahakama Kuu ina kanda yake Kigoma.