Je, Wajua? Hesabu za Kwenye Kishikwambi

Msomaji wa Shirimatunda, Pasua na Rau hapa Moshi, na wewe uliyeko Dar unayengoja Desemba uje nyumbani kuhesabiwa: wiki hii tunahesabu sisi.

Je, wajua kwamba Akili wa katuni za Akili and Me ni jirani yetu? Kisa chake kinasema ana miaka minne na anaishi na familia yake chini ya Mlima Kilimanjaro. Akilala huingia Lala Land, ambako yeye na wanyama rafiki zake hujifunza herufi na namba. Waliomtunga ni Ubongo, taasisi ya Dar es Salaam.

Je, wajua kwamba Ubongo Kids, kipindi kilichomtangulia Akili, kilianza kurushwa TBC1 Januari 2014 bila kudai simu janja? Mtoto aliweza kujibu swali la hesabu kwa SMS, hata kwa kitochi cha bibi.

Je, wajua kwamba kompyuta ilianza kufundisha kabla hatujapata uhuru? Mfumo wa PLATO ulianza mwaka 1960 katika Chuo Kikuu cha Illinois, Marekani. Mwaka uliofuata, tulipopata uhuru, Luteni Alexander Nyirenda alipandisha Mwenge wa Uhuru kileleni Kibo, Mlima Kilimanjaro.

Je, wajua kwamba majirani zetu wa Mkoa wa Tanga waliwahi kuamua shindano la dunia? Global Learning XPRIZE ilitaka programu itakayomwezesha mtoto kujifunza mwenyewe kusoma, kuandika na kuhesabu, kwa Kiswahili. Kwa miezi 15, watoto karibu 3,000 wa vijiji takriban 170 walitumia vishikwambi vilivyochajiwa kwa umeme wa jua. Wengi wao hawakuwa wamewahi kukanyaga shule. Mei 2019 timu mbili, onebillion na Kitkit School, zilitoka sare, zikagawana dola milioni 10. Programu zote tano zilizofika fainali zimewekwa wazi: yeyote anaruhusiwa kuzichukua na kuziboresha, bure.

Je, wajua kwamba somo la mtandaoni linaweza kufika shule isiyo na mtandao? Mwaka 2012 wanafunzi wa Chuo Kikuu cha California, San Diego, walitengeneza KA Lite, programu inayobeba video na mazoezi ya tovuti ya Khan Academy bila intaneti. Mrithi wake, Kolibri, ana masomo ya Kiswahili. Unapakua mara moja penye mtandao, unaweka kwenye kompyuta moja ya shule, na nyingine zinachota hapo hapo darasani. Bando halihusiki.

 

Je, wajua kwamba kishikwambi cha mwalimu huenda kiliwahi kukuhesabu wewe? Baada ya Sensa ya Agosti 2022, serikali iligawa kwa walimu vishikwambi vilivyotumiwa na makarani.

Je, wajua kwamba jibu lisilo sahihi lina habari nyingi kuliko alama ya mkasi? Mtoto kaandika 52 − 17 = 45. Jibu ni 35. Kakosea wapi? Huenda kaona 2 haitoi 7, akageuza: 7 − 2 = 5. Au kakopa kumi vizuri, 12 − 7 = 5, kisha akasahau kupunguza makumi. Njia mbili, jibu moja. Mpe sasa 53 − 17. Aliyegeuza ataandika 44, aliyesahau ataandika 46. Umeshamjua.

Mwaka 1978 watafiti John Seely Brown na Richard Burton walieleza programu yao, BUGGY, iliyojifanya mwanafunzi mwenye kosa la aina hii ili mwalimu mtarajiwa ajifunze kulisaka kwa kumtungia hesabu. Programu nzuri za leo hutumia akili hiyo hiyo: hazikomei kusema umepata au umekosa, zinachagua swali linalofuata. Mwalimu hodari hufanya hivyo kila siku kwa mtoto aliye mbele yake; kwa darasa la watoto 70, kipindi kinaisha hajafika dawati la tatu. Na haja ipo: mwaka 2023, kati ya watahiniwa wanne wa kidato cha nne, aliyefaulu Hisabati ni mmoja hivi.

Kwa hiyo mzazi, ukionyeshwa programu ya hesabu, iwe ya bure au ya kulipia, kosea makusudi. Ikikupa msalaba mwekundu na kuendelea na safari yake, huo ni mtihani tu. Ikikurudisha kwenye hesabu inayogusa kosa lako, hapo kuna mwalimu.

Swali la wiki: mtoto wa darasa la tatu kaandika 64 − 28 = 44. Kafanya nini, na wewe utampa hesabu gani ya pili?