Kambodia Si Angkor Wat Pekee: Mahekalu Mawili ya Msituni Unaweza Kuona kwa Siku Moja

Hiyo picha unaijua. Jua linachomoka nyuma ya minara ya mawe, maji yametulia mbele, na mse mmoja amegeuza mgongo akijifanya hajui anapigwa picha. Hiyo ni Angkor Wat, hekalu la karne ya 12 ambalo liko hadi kwa bendera ya Kambodia. Kitu picha haikuonyeshi ni ule umati umejipanga kando ya hayo maji kabla hata kupambazuke, simu juu, kila mtu akingojea picha ile ile moja.

Hatusemi usiende. Enda, hiyo ni lazima. Lakini kama uko Siem Reap, mji ambao watalii wa Angkor hulala, na umebaki na siku moja mkononi, kuna risto ingine nzito iko huko nje kwa barabara ya msituni. Wengi huiacha juu ni mbali. Ni mahekalu mawili, Koh Ker na Beng Mealea, na unaweza kuyaona yote kwa siku moja ukiwa na mwongozaji anayejua kazi yake. Hilo la mwongozaji si pambo. Bila mtu wa kukuelezea, huku utaona mawe na miti, upige selfie, urudi. Vitu vizito vya huku ni vile ambavyo havipo.

Siku yenyewe inaenda hivi. Ndai inakuchukua hotelini mangware, kitu saa kumi na mbili na nusu ama saa moja. Mnaanza na kule mbali: Koh Ker iko kama kilomita 120 kaskazini mashariki ya Siem Reap, masaa mawili na kitu barabarani. Mnazunguka kabla jua halijawa kali, mnakula lanchi kwa vibanda vya hapo, halafu mkirudi mnapitia Beng Mealea. Jioni mko mjini. Ukipata kampuni inakuahidi mahekalu matano kwa hiyo siku moja, hepa.

Sasa Koh Ker. Kati ya mwaka 928 na 944, hapa ndipo palikuwa mji mkuu wa milki ya Khmer. Mfalme Jayavarman wa Nne aliamua Angkor si base yake, akaweka makao huku. Hebu fikiria rais aamke siku moja aseme serikali yote inahama Nairobi inaenda msituni. Na baada ya miaka 16 hivi, mfalme mwingine akarudisha kila kitu Angkor. Lakini kwa huo muda mfupi, hawa wasee walijenga kama watu wanaofukuzwa. Kuna mahekalu mengi yametawanyika humo msituni, na katikati ya yote kuna piramidi ya ngazi saba, urefu wa mita 36 hivi. Kwa akili ya Nairobi hiyo ni kama jengo la ghorofa kumi na mbili, limepangwa jiwe juu ya jiwe. Wengi wakiiona mara ya kwanza wanasema inakaa kitu ya Meksiko. Kuna ngazi za mbao za kukupeleka juu. Zipande polepole, jua la huko halina huruma, na ukifika juu unaona msitu tu hadi macho yachoke.

Unesco iliiweka kwenye orodha ya urithi wa dunia mwaka 2023, kwa hivyo hii siri haitakaa siri milele.

Mwambie mwongozaji asikurukishe hekalu dogo linaloitwa Prasat Chen. Kwa macho halina mambo mengi. Lakini hapo palikuwa na sanamu kubwa za mawe, zimepangwa kama watu wako kwa sinema: mashujaa wawili, Duryodhana na Bhima, wako tayari kupigana na marungu, na wengine wamekaa kando wakiangalia. Ni tukio kutoka Mahabharata, ile hadithi ndefu ya Wahindu. Wakati huo Wakhmer walikuwa wakiabudu miungu ya Kihindu, Shiva hasa.

Halafu vita vikaingia Kambodia mwaka 1970, na wezi wakaingia na vita. Sanamu zilikatwa kwa vifundo vya miguu, zikabebwa hadi Thailand, na kutoka hapo zikaingia soko la dunia na makaratasi safi kabisa. Kilichobaki Prasat Chen ni misingi ya mawe ikiwa na miguu juu yake. Miguu tu. Mwili uko kwa nyumba ya sonko fulani ng'ambo.

Hiyo miguu ndiyo iliwachoma. Mwaka 2011 nyumba ya mnada ya Sotheby's huko New York ilikuwa inataka kuuza Duryodhana, na bei iliyokadiriwa ilikuwa kati ya dola milioni mbili na tatu. Sanamu ilikuwa haina miguu. Wataalamu wakaangalia ile miguu iliyobaki Koh Ker na sanamu iliyokuwa kwenye katalogi, na wakaona hizi ni pande mbili za jiwe moja. Kambodia ikapinga, serikali ya Marekani ikaingia kortini, kesi ikasukumana, na mwaka 2014 Duryodhana akarudi kwao. Bhima pia alirudi mwaka huo huo kutoka jumba la makumbusho la California. Mwaka mmoja kabla yake, Metropolitan Museum ya New York ilikuwa imerudisha sanamu mbili za watu waliopiga magoti kutoka hapo hapo Koh Ker.

Jina ambalo utasikia kila mwongozaji akilitaja ni Douglas Latchford, Mwingereza aliyeishi Bangkok. Kwa miaka mingi alionekana kama bingwa wa sanaa ya Khmer, aliandika vitabu, na serikali ya Kambodia ilimpa hadi nishani. Mwaka 2019 waendesha mashtaka wa Marekani wakamfungulia kesi ya kuuza vitu vya wizi. Alikufa 2020 kabla kesi isikizwe, na familia yake ikakubali kurudisha mkusanyiko wake. Mwisho wa 2023 Metropolitan nayo ikatangaza inarudisha sanamu zingine 14 kwa Kambodia.

Lakini mtu wa kuvutia zaidi kwa hii stori si Latchford. Ni mwizi mwenyewe. Kuna mzee ambaye akiwa kijana aliingizwa vitani na Khmer Rouge, na baadaye akawa anaongoza genge la kuchimba sanamu. Uzeeni akaamua kufunguka. Wachunguzi walimpea jina la siri, Simba, na akarudi nao hadi kwa mahekalu akiwaonyesha kwa kidole: hii niliitoa hapa, ile ilikuwa imesimama pale. Alikufa 2021. Sehemu ya vitu vinavyorudi sai vinafuata njia aliyoonyesha yeye.

Mkenya hawezi shangazwa na hii maneno. Vigango vya Wamijikenda, zile nguzo za mbao za kukumbuka wazee waliofariki, viliibwa kutoka makaburi ya Pwani vikaishia kwa majumba ya makumbusho ya Marekani. Viwili vilirudi 2007, na vingine vimekuwa vikirudi polepole tangu hapo. Mwongozaji wa Koh Ker akikuambia vile kijiji kinajisikia sanamu ya babu zao ikiwa sebuleni kwa mtu, muelezee yetu pia. Mtaelewana haraka sana.

Swali ni, kwa nini wezi waliweza kufanya kazi huku bila kusumbuliwa wakati watalii walikuwa hawafiki? Jibu ni mabomu ya ardhini. Khmer Rouge walishika nchi kutoka 1975 hadi 1979, na karibu watu milioni 1.7 walikufa. Hata baada ya kutolewa mamlakani waliendelea kupigana msituni hadi mwishoni mwa miaka ya tisini, na kila upande ulitega mabomu: mashambani, barabarani, kando ya mahekalu. Tangu 1979 zaidi ya watu 60,000 wameuawa ama kuumizwa nayo na silaha zingine zilizobaki bila kulipuka. Angkor, iliyo karibu na mji, ilisafishwa na kufunguliwa mapema. Koh Ker na Beng Mealea zilingoja.

Hapa ndipo Afrika Mashariki inaingia kwa stori, na hii wengi hawaijui. Baadhi ya wanaosafisha hiyo ardhi ni panya buku kutoka Morogoro, Tanzania. Shirika la APOPO huwafunza huko, kwa Chuo Kikuu cha Kilimo cha Sokoine, kunusa kemikali iliyo ndani ya bomu. Panya ni mwepesi, akikanyaga bomu halilipuki. Na kwa sababu ananusa baruti yenyewe, hapotezi time na misumari na makopo kama ile mashine ya kutafuta chuma. Eneo kama la uwanja wa tenisi, mtu na mashine anaweza chukua hadi siku nne. Panya anamaliza kwa nusu saa hivi, analipwa ndizi ama njugu, anaenda kulala.

Mmoja wao, Magawa, alizaliwa Tanzania na kuanza kazi Kambodia 2016. Alipata mabomu ya ardhini 71, akapewa medali ya dhahabu ya ushujaa mwaka 2020 na shirika la wanyama la Uingereza, PDSA, akastaafu 2021 na kufa Januari 2022. Rekodi yake imevunjwa na Mtanzania mwenzake, Ronin, aliyefikisha mabomu 109 mapema 2025. Ronin amekuwa akipiga kazi mkoa wa Preah Vihear. Huo ndio mkoa wa Koh Ker.

Kwa hivyo ukiwa huku na mwongozaji aseme usiache njia, usiache njia. Njia za watalii zimesafishwa na ziko salama. Lakini hakuna picha ya kuingilia kichaka. Haja ndogo pia, shikilia hadi choo.

Mkitoka Koh Ker, Beng Mealea iko mkirudi, karibu na vilima vya Kulen ambako mawe ya Angkor yalichimbwa. Mpango wake unafanana na Angkor Wat, ni karne moja pia, ila hakuna ghorofa za kupanda, kila kitu kiko chini. Tofauti ni kwamba hii imeachwa vile ilianguka. Mnara wa katikati ni rundo la mawe. Mizizi imeshika kuta kama vidole. Hakuna maandishi yamepatikana ya kusema ni nani aliijenga, na hiyo kwangu inaipa utamu wake. Unatembea juu ya daraja la mbao, kuna mahali unapitia giza la korido ambayo paa lake bado limesimama, halafu unatokea kwa mwanga wa kijani kabisa. Sehemu za filamu ya Two Brothers ya 2004, ile ya chui milia wawili, zilipigwa hapa.

Ukiingia, angalia wale nyoka wa mawe wa vichwa vingi kando ya njia. Wanaitwa naga. Sehemu nyingi za Kambodia vichwa vyao vilishaibwa. Hapa utapata ambao bado wako sawa, na baada ya kutoka Koh Ker utajua kwa nini mwongozaji anasimama hapo muda mrefu.

Kuhusu doh. Tiketi ya siku moja ya eneo la Angkor ni dola 37, karibu 4,800 za Kenya, ya siku tatu ni dola 62. Koh Ker ina tiketi yake tofauti. Kabla ulipe kampuni yoyote uliza wazi: tiketi ziko ndani ya hiyo bei ama la? Mwongozaji ana leseni ama ni dereva tu anayejua Kiingereza? Prasat Chen iko kwa mpango? Hilo la mwisho litakuonyesha haraka kama unaongea na mtu anayejua. Dola hutumika kila mahali pamoja na riel, lakini beba noti safi, iliyoraruka hata kidogo wanakurudishia.

Luku: funika mabega na magoti, hizi ni sehemu takatifu na watu bado huja kuomba. Njumu za kushika, si sandali. Novemba hadi Februari ndio hali ya hewa iko fiti. Machi na Aprili ni tanuri, na kuanzia Mei mvua inaingia, ingawa Beng Mealea ikinyeshewa inakaa poa kuliko wakati wowote.

Kutoka Nairobi hakuna ndege ya moja kwa moja, utaunganisha mahali. Usipange kuvuka kwa barabara kutoka Thailand kabla ya kuangalia habari: mwaka 2025 nchi hizo mbili zilipigana mpakani, na Preah Vihear ni mkoa wa mpaka. Uliza hoteli yako Siem Reap hali ya wiki hiyo ikoje.

Na kama ndege yako ya kurudi inatokea Phnom Penh, acha nusu siku uingie National Museum. Duryodhana na Bhima wako hapo, wamerudi kwao, bado wanataka kupigana.